Utambulisho wa Bi Oleta

Kuna watu waliozaliwa na kipaji cha kusema mbele za watu, na kuna waliojifunza. Calvin Omollo hakuwa kundi hili wala lile. Yeye alipewa maiki siku moja kwa sababu mshereheshaji halisi alikuwa amekwama kwenye treni ya Campbelltown, na tangu siku hiyo hakuna aliyefaulu kumpokonya. Hivyo ndivyo alivyoieleza historia yake mwenyewe, na aliieleza katika kila sherehe aliyoongoza, hata kwenye matanga.

Siku za kazi alikuwa mhudumu katika nyumba moja ya wazee. Aliwaosha, akawavisha soksi, na akaitikia jina la Kevin, kwa kuwa bibi wa chumba cha pembeni alikwisha kuamua kwamba hilo ndilo jina lake, na Calvin hakuona sababu ya kumharibia bibi wa watu siku. Lakini Jumamosi jioni ilipofika, akishavaa ile suti ya samawati aliyoitoa kwenye duka la mitumba la kanisa, yenye suruali iliyokatikia juu ya kifundo cha mguu kana kwamba inaogopa maji, Kevin alikufa na Calvin akafufuka. Akina mama walimwita "mwanangu." Watoto waliozaliwa Sydney, wasiojibu Kiswahili hata ukiwabembeleza kwa keki, walicheka kwa Kiswahili. Ukimpokonya Calvin maiki, alipenda kusema, kilichobaki ni suruali fupi.

Na sasa maiki ilikuwa hatarini.

Mwaka ule wa 2017, kule nyumbani Kenya, watu walipiga kura Agosti, mahakama ikaifuta ile ya urais Septemba, wakaipiga tena Oktoba. Huku Sydney, Umoja wa Waswahili wa Magharibi, uliojaa Wakenya, Watanzania kiasi, pamoja na Wakongo na Warundi waliofuata harufu ya pilau, ulikuwa umeanza kukaa ukumbini kama watu waliogawana shamba: hawa kushoto, wale kulia, kila kabila na mgombea wake, katikati njia ya kupitishia soda. Calvin alikuwa na dawa ya mgawanyiko huo. Dawa yake, kama kawaida, ilikuwa mzaha. Kwenye sherehe ya mahafali kule Quakers Hill, Septemba ile ile, wali uliisha upande mmoja wa ukumbi kabla ya mwingine. Calvin akashika maiki na kutangaza: "Tulieni jamani! Upande huu umetangazwa mshindi wa wali. Upande ule, nendeni mahakamani!"

Upande mmoja ulicheka. Upande wa pili uliinuka, ukachukua sufuria zake na kwenda nyumbani. Zilikuwa ndizo sufuria zenye nyama.

Wiki iliyofuata kamati ilipitisha sheria: katika shughuli yoyote ya Umoja, ni marufuku kutaja kabila, liwe lako au la mwenzako. Atakayelitaja akiwa na maiki, hataishika tena. Sheria haikutaja jina la mtu, ila wote walipokuwa wakiinua mikono kuipitisha walikuwa wanamtazama mtu mmoja, na mtu huyo naye aliinua mkono, kwa sababu kila mtu alikuwa ameinua na yeye hapendi kukosa shughuli.

*

Mwenyekiti wa Umoja alikuwa Mama Chepngetich, muuguzi wa miaka mingi aliyefungua kampuni ndogo ya kupeleka wahudumu katika majumba ya wazee. Nusu ya ukumbi ilipata kazi kupitia kwake, na nusu nyingine ilitumaini. Jumamosi moja ya Novemba alimkuta Calvin katika ukumbi wa Guildford akipanga viti, akamvuta kando.

"Omollo, leo tuna mgeni rasmi."

"Balozi?"

"Balozi ana nini cha kutuambia? Nimempata mwanamke kutoka Marekani. Anaitwa Bi Oleta Ketcher. Nilimsikia kwenye ule mkutano wa biashara za wenyeji wa asili kule Darling Harbour, nikasahau hata chai yangu ikapoa. Ni Mcherokee. Wale wenyeji wenyewe wa Marekani, waliokuwako kabla ya hawa wengine."

"Ah! Wale wa kwenye filamu, wenye manyoya kichwa—"

"Ukimaliza hiyo sentensi nakurudisha kupanga viti mpaka Krismasi. Huyu mama alianza kama fundi cherehani katika kiwanda cha suruali za jinzi. Kiwanda kikafungwa, yeye akanunua mashine zake kuukuu, akaziweka kwenye banda la kuku la binamu yake. Leo anashona sare za wauguzi na kuziuza majimbo mengi. Halafu akaingia kwenye siasa. Amekaa barazani miaka."

"Baraza gani?"

Mama Chepngetich alitazama mlangoni, akatazama jikoni. "La watu wao."

"Watu wao gani?"

"Omollo."

"La kabila?"

"Umelitaja!"

"Sijashika maiki, Mama."

Mama Chepngetich alifumba macho kama mtu anayetafuta mshipa kwenye mkono mnene. Akaeleza kwa sauti ya chini. Huko kwao Oklahoma hao Wacherokee wana serikali yao: baraza la kuchaguliwa, mahakama, polisi, hospitali, hadi namba zao wenyewe za magari. Na kazi yote ya Bi Oleta, biashara na uongozi, imezunguka hapo. Ni hadithi ya kuwainua watu, hasa wauguzi, hasa wakati huu ambapo pande mbili za Umoja zimebakiza kutumiana mawakili. Ila neno lile lisisikike. Nusu ya ukumbi imekubali kuja kwa sharti hilo.

"Yaani nimtambulishe mtu aliyefanya kazi katika serikali ya hiyo kitu, bila kuitaja hiyo kitu," alisema Calvin. "Ni kama kumtambulisha golikipa bila kutaja mpira."

"Wewe si ndiye fundi wa maneno? Fanya ufundi. Na kijana, nikuambie kama mama yako: hii ni ya mwisho. Safari ile nilikutetea. Ukiteleza leo, nitaichukua hiyo maiki kwa mkono wangu huu."

Aliuonyesha ule mkono. Ulikuwa mkono uliowahi kugeuza wazee wazito kitandani bila msaada. Calvin aliamini.

*

Jioni ukumbi ulijaa, kushoto wakiwa kushoto, kulia wakiwa kulia. Bi Oleta aliketi meza kuu akiwa amefungwa leso ya maua juu ya suti yake ya kijivu, mama wa miaka sitini na kitu, nywele fupi nyeupe, macho ya mtu anayekagua mishono ya nguo yako huku mnaongea. Pembeni yake aliwekwa Elieshi, binti wa Kitanzania anayesomea uhasibu, amtafsirie Kiswahili kwenda Kiingereza, na baadaye Kiingereza kwenda Kiswahili kwa ajili ya mama wazazi waliotoka nyumbani kuja kulea wajukuu. Elieshi alikuwa na sifa moja mbaya sana kwa mkalimani wa jioni ile: alitafsiri kila kitu kilichosemwa, bila kupunguza.

Mwangi, aliyesimamia spika, alimpa Calvin maiki. "Buda, leo tembea kama kuna mayai chini," akamnong'oneza. "Mimi sina nguvu ya kubeba hizi spika mapema."

Calvin alianza vizuri. Alianza kama unavyoanza mkutano wowote Sydney, uwe wa bunge au wa wazazi wa chekechea: "Kwanza tunawatambua Wadarug, wenyeji wa ardhi hii tuliyokalia. Tunawaheshimu wazee wao waliotangulia na waliopo." Alilisema kwa uzito, sauti ikiwa chini, na hata watoto waliacha kukimbia. Hilo alilijua kwa moyo. Hakuna aliyewahi kumfokea kwa hilo.

Kisha akafika penyewe.

"Mgeni wetu rasmi," alisema, "ni mfanyabiashara mkubwa. Wauguzi, zile sare zenye mifuko inayotosha simu na kalamu na kitafunio, huyu ndiye mama yake." Makofi. Alijisikia vizuri. "Mbali na biashara, amehudumu kwa miaka mingi katika baraza la... la..." Aliona macho ya Mama Chepngetich. "La jamaa fulani. Watu wanaofahamiana. Wenye ukaribu wa... wa muda mrefu. Ni kama chama cha ustawi hivi. Kama huu Umoja wetu, isipokuwa wao wana hospitali."

Elieshi alimwinamia mgeni, midomo ikienda. Nyusi ya Bi Oleta ikapanda.

"Na mahakama," aliongeza Calvin, kwa kuwa ukimya ulimtisha. "Na polisi. Yaani ni chama kilichojipanga. Na mgeni wetu aligombea humo ndani ya... familia hiyo pana... akashinda, akashindwa, akashinda tena. Anatoka upande wa... upande wa kule kwao. Tafadhali tumpokee!"

Ulikuwa utambulisho mbaya kuliko wote aliowahi kutoa, na hapo tunajumlisha ile harusi aliyomtaja bwana harusi kwa jina la mchumba wa kwanza wa bibi harusi. Lakini neno halikutajwa. Calvin aliketi, jasho likimtoka hadi ndani ya soksi, akawaza kwamba laiti kungekuwa na tuzo ya kusema mengi bila kusema kitu, angeinyakua na kurudi nayo kwa treni.

Bi Oleta alisimama. Alizungumza polepole, na Elieshi akafuata kwa Kiswahili chake kilichonyooka.

"Asanteni. Kijana huyu amemtambulisha mtu vizuri sana, ila sijui ni nani. Nimesikia habari za mama anayeongoza klabu yenye zahanati."

Ukumbi ulicheka, kushoto na kulia, kwa pamoja, kwa mara ya kwanza tangu Agosti. Walikuwa wanamcheka Calvin, lakini Calvin si mchaguzi.

Bi Oleta akasimulia. Alisema kiwanda kilipohama, wanawake wa kijiji chao walibaki na mikono inayojua kazi na hawana pa kuipeleka. Alisema kuku wa binamu yake hawakukubali kuhama banda, wakaendelea kutaga kwenye vikapu vya vitambaa, na hospitali ya kwanza kununua sare zake iliuliza kwa adabu kwa nini kuna manyoya mfukoni. "Nikawaambia ni alama ya kampuni," alisema. "Mwaka uliofuata waliagiza tena, wakaomba zisizo na alama."

Wauguzi walikuwa wamemeza ndoano. Akaendelea.

"Watu wangu nao wana hospitali zao. Nikagundua zilikuwa zinanunua sare kutoka mbali, huku mashine zangu ziko ng'ambo ya barabara. Nikaenda barazani kuuliza kwa nini. Wakaniambia nisubiri nje. Nikasubiri. Niliporudi mara nyingine, nikasubiri tena. Mwishowe nikaona kugombea kiti cha ndani ni rahisi kuliko kusubiri kwenye benchi la nje. Lile benchi lilikuwa gumu sana."

Alishinda. Jambo la kwanza alilojifunza, alisema, ni kwamba ukiwa ndani huwezi kuliuzia baraza sare zako, kwa hiyo kiti kilimgharimu biashara ile ile iliyompeleka. Mama Chepngetich alitikisa kichwa taratibu, kama mtu anayesikia habari zake. Miaka minne baadaye Bi Oleta aliulizwa kikaoni kwa nini zahanati mpya inajengwa mahali pasipo na wagonjwa, akajibu kwamba ni kwa sababu mahali hapo pana shemeji za watu. Kila mtu barazani alilijua hilo. Kosa lake lilikuwa kulisema kwa sauti. Uchaguzi uliofuata wakamwondoa.

"Nikarudi kwenye cherehani. Lakini mikutano ya baraza iko wazi kwa kila mtu wetu. Nilihudhuria yote. Nilikaa kiti cha nyuma kabisa, nikafuma sweta, na nikatafuta sindano za chuma ili zisikike. Muhula ulipoisha walinichagua tena. Nadhani walitaka kimya."

Elieshi mwenyewe alicheka kabla hajatafsiri, ikabidi mama wazazi wasubiri. Siku hizi, Bi Oleta alimalizia, yuko kwenye bodi inayosimamia kampuni zote za watu wake, na bado kila akiingia chumbani humo hutazama kwanza kama yule mtu wa benchi la nje ameitwa.

Hapo angeketi, Calvin angesema asante, chakula kingeletwa, na maiki ingesalimika. Bi Oleta hakuketi.

"Sasa mimi nina swali," alisema. "Wiki nzima nimekuwa na wenyeji wa nchi hii. Wakikutana, kabla ya lolote, wanaulizana: watu wako ni akina nani? Kwetu ni hivyo hivyo. Bila hilo hujui unaongea na nani. Kijana huyu alianza kwa kuwataja Wadarug, na aliwataja vizuri, nikasema hapa pana watu wenye adabu. Halafu hakumtaja mwingine yeyote. Mimi sikutajwa. Ninyi hamkutajwa. Mimi ni Mcherokee. Ninyi ni watu wa nani?"

Elieshi alitafsiri lote.

Ukumbi ulinyamaza kwa namna ambayo Calvin hakuwahi kuisikia, na yeye ni mtaalamu wa ukumbi kunyamaza. Kijiko kilianguka upande wa kushoto, na upande wa kulia ukakitazama kana kwamba kimetoa hoja. Mtoto mmoja akauliza kwa Kiingereza kwa nini watu wote wamekasirika. Mama yake akamziba mdomo kwa sambusa.

Bi Oleta, akidhani ni haya tu, akatabasamu na kumpa maiki mtu aliyekuwa karibu. "Anza wewe, kijana."

Calvin aliishika. Upande mmoja wa kichwa chake ulikuwa na Mama Chepngetich, aliyeuweka mkono ule juu ya meza ili uonekane. Upande wa pili ulikuwa na mgeni rasmi aliyepanda ndege kuvuka bahari, amefungwa leso, anasubiri jibu la swali la adabu. Akijibu, kesho yeye ni Kevin, Jumatatu hadi Jumapili. Asipojibu, atakuwa amemweka mama wa watu kwenye benchi la nje, mbele ya ukumbi mzima, baada ya hadithi ile.

Kama kawaida yake, akajaribu kupenya katikati.

"Mimi," alisema, "ni Mguildford."

Elieshi alitafsiri. Bi Oleta akamtazama kwa huruma. "Hapo ni stesheni. Nimeshuka hapo leo."

Hata Mama Chepngetich alikaribia kucheka, akajikaza. Calvin akatazama chini. Aliona suruali yake fupi. Aliona soksi zake. Akawaza kwamba hata hivyo hajawahi kuishika hii maiki kwa haki.

"Basi," alisema. "Mimi ni Mjaluo."

Mtu alivuta pumzi. Upande wa kulia viti vilikwaruza sakafu. Na kwa vile alikwisha kuanguka, Calvin akaona aanguke vizuri.

"Mjaluo, lakini wa kuazima. Nimekulia Machakos, baba alikuwa mwalimu huko. Bibi yangu wa Siaya akinipigia simu na Kijaluo chake naitikia 'ee' tu, juzi nimegundua niliitikia kuoa. Kuogelea sijui. Ufuoni Bondi nilienda na koti. Na samaki..." Alishusha sauti. "Jamani, msiifikishe hii Kisumu. Samaki namla akiwa fileti. Nikiona jicho lake, namwomba msamaha."

Kicheko cha kwanza kilitoka kushoto, kwa Wajaluo wenzake, na kilikuwa kicheko cha aibu ya familia. Kisha kikapasuka upande wa kulia. Mwangi alikuwa ameshikilia spika asianguke. Akaja, akaichukua maiki kabla hajaambiwa.

"Mimi Mkikuyu," alisema. "Na kila biashara niliyofungua hapa Sydney imekufa. Hata ya kuuza maji baridi. Wakati wa joto! Mama akiniuliza nafanya nini huku, namwambia niko gerezani. Ni afadhali."

Ikawa haizuiliki tena. Jerotich, muuguzi mrefu wa zamu za asubuhi, alisimama akasema yeye ni Mkalenjin na treni humkimbia kila siku akiwa anaiona. Mutanu akasema yeye ni Mkamba, watu wote huogopa uchawi wao, na yeye ameshindwa kumroga hata mume mmoja akae. Mushagalusa, fundi rangi, akapaza sauti kutoka nyuma: "Mimi Mushi, kabila ya Bukavu! Banasema Mukongo iko na nguo ya kuwaka. Hii suruali, papa, ni ile ya kazi, na ndiyo nzuri ile niko nayo!" Elieshi akajitafsiria mwenyewe: yeye ni Mchaga na hana duka, na huwa anaitazama kaka yake kwenye video akihesabu kreti za soda, analia.

Si wote. Wilfred, aliyeketi safu ya mbele kulia, alichukua koti lake akatoka akisema sheria ni sheria. Watu wawili wakamfuata, mmoja wao na sahani. Wengine walicheka midomo imefungwa, na wengine hawakucheka kamwe. Viti vilibaki vile vile, kushoto na kulia.

Bi Oleta naye akaomba nafasi. Kwao, alisema, mwanamke hupimwa kwa mkate wa maharagwe unaofungwa kwenye majani ya mahindi na kuchemshwa. Mkate wa kwake humeguka majini. Amesimama kwenye kampeni nyingi na mkate ulionunuliwa kwa jirani.

Kisha akamgeukia mwenyekiti. "Na wewe, dada?"

Mama Chepngetich alisimama taratibu, akalinyoosha gauni, akaja mbele na kunyoosha ule mkono. Mwangi akaiweka maiki humo. Calvin alijua mwisho umefika, akajipanga uso.

"Mimi," alisema Mama Chepngetich. "Mimi ni Mkipsigis. Nimezaliwa katikati ya ng'ombe. Na maziwa yananivuruga tumbo. Tangu utotoni. Ile mursik, maziwa ya kugandisha kibuyuni, mnayonipa kwenye kila harusi, ya heshima, ya mwenyekiti... nimekuwa nikimwagia maua."

Hapo ndipo mama mmoja mzazi kutoka Bomet alipoteleza kwenye kiti, na ikabidi wauguzi watano wamwinue, wawili wa kushoto na watatu wa kulia.

*

Calvin alilala usiku ule akiwa mshindi. Alimpigia Mwangi simu kumwambia kwamba sheria imekufa, kwamba mwenyekiti mwenyewe ameizika, na kumuuliza Krismasi wataanza na wimbo gani. Kwenye kikao cha kamati alifika mapema, amevaa suti.

Mama Chepngetich alisubiri watu waketi. Alisema sheria ile ilikuwa mbaya, na mkutano mkuu wa Februari utaamua kama iondolewe. Mpaka siku hiyo bado ni sheria. "Kwa hiyo Omollo hataishika maiki," alisema.

"Mama!"

"Nilikuambia nitaichukua kwa mkono wangu. Niliichukua."

"Lakini hata wewe ulisema!"

"Nilisema. Ndiyo maana na mimi kiti nimekiacha hadi Februari. Mwangi naye spika ameziacha. Mwangi, umesikia?"

Mwangi alisema amesikia, na kwamba mgongo wake unamshukuru Mama.

Calvin alitafuta mzaha kichwani, hakuupata hata mmoja. Ilikuwa mara ya kwanza. Baadhi ya wanakamati waliiogopa hali hiyo kuliko mizaha yenyewe.

Sherehe ya Krismasi ilifanyika ukumbi ule ule, na kazi ya maiki akapewa Gratien, Mrundi mpole anayefundisha watoto hesabu. Calvin alijitolea kuosha vyombo, akijiambia kwamba jikoni ni karibu na chakula. Alipoingia alimkuta Mama Chepngetich amekwisha kufunga aproni, mikono imo ndani ya povu hadi viwiko.

"Shika taulo," alimwambia. "Usipanguse kwa nguvu, hayo si magari."

Wakaosha. Kupitia kidirisha cha kupitishia sahani walimsikia Gratien akisoma ratiba neno kwa neno, pamoja na neno "nukta" kila mwisho wa sentensi. Kisha akaanza utambulisho wa wageni, na kwa woga wake akamwita padri "bibi harusi." Ukumbi uliangua kicheko ambacho Calvin, katika enzi zake zote za suti, hakuwahi kukipata. Kicheko kilitoka kila upande.

Alisimama na sahani mkononi, taulo likidondoka.

"Anakushinda," alisema Mama Chepngetich.

"Najua, Mama. Na hata hajaribu. Mimi huwa silali siku mbili nikitafuta cha kusema."

"Na Februari?"

"Februari nitaomba maiki kama mtu mwingine. Wakininyima, nitakaa nyuma." Aliweka sahani kwenye rundo. "Ila sijui kufuma."

Mama Chepngetich alisugua sufuria, akaisuuza, akaishikilia juu ichuje maji. Nje Gratien alikuwa anaomba radhi kwa padri, na kila alipoomba radhi mambo yalizidi kuharibika.

"Nilikuwa na moja nimeitayarisha kwa leo," alisema Calvin. "Ya yule bibi anayeniita Kevin. Sasa haina pa kwenda."

"Ina ubaya?"

"Ninayechekwa ni mimi mwenyewe, Mama. Kama kawaida."

Mama Chepngetich alifunga bomba, akafuta mikono kwenye aproni, akavuta kreti tupu ya soda na kuikalia.

"Haya," alisema. "Anza. Na uongee kwa sauti, hapa jikoni hatuna spika."